Anayefungwa Hazimi Mashine

Usiku wa jana niliota mlio kabla sijaota kitu cha kuonekana. Krrr. Kimya. Krrr. Ulikuwa mlio wa diski inayosomwa na mashine isiyotaka kusoma, na niliujua kama mtu anavyoujua ukohozi wa baba yake. Nilikaa gizani nikiusikiliza, nikisubiri ndoto ilete taa.

Taa ikaja. Nimeketi sebuleni kwetu, Muheza, mbele ya kompyuta ile ile iliyonishinda kabla ya kulala.

Niseme kwanza ilinishindaje, maana ndoto ilianzia hapo. Baba yangu, Mzee Mhando, alikuwa na banda la gemu karibu na soko. Ukutani aliandika sheria zake kwa chaki: Anayeshinda anabaki. Anayefungwa hazimi mashine. Hakuna kuhurumiana. Kijana aliyechomoa waya kwa hasira ya kufungwa hakurudi tena bandani, hata kama baba yake ni diwani. Na aliyemwachia mwenzake bao kwa huruma alionyeshwa kadi ya njano, kipande cha dumu la mafuta ya kula alichokikata baba mwenyewe kwa kisu cha jikoni.

Kisha kiharusi kilimchukua mkono wa kulia na karibu maneno yote. Banda likafungwa. Mashine ikafa. Baba alihangaika wiki chache, kisha akageukia ukuta, akabaki hivyo. Mtaalamu wa viungo alimpa mpira wa kuminya kwa mkono wa kushoto. Baba aliuachia ukabingirika hadi uvunguni. "Mkono hauamrishwi," mtaalamu alituambia. "Mpeni kitu anachokitaka mwenyewe. Lakini msichelewe, ukuta unazoeleka."

Anachokitaka tunakijua: timu yake ya mpira. Aliitunza miaka mingi kwenye memori ya mashine, na kila mchezaji alimpa jina la mtu wa mtaani kwetu. Kabla mashine haijazimika moja kwa moja, fundi mmoja aliitoa timu hiyo na kunipa kwenye flashi. Kilichobaki ni kupata emuleta, yaani programu inayojifanya mashine ya zamani ndani ya kompyuta. Niliipakua, nikabishana nayo hadi usingizi ukanikuta na shati mwilini.

Sasa, ndotoni, kompyuta inanitazama.

"Umesoma masharti?" inauliza.

"Nimesoma."

"Yote?"

"Yote."

"Sharti la katikati linasemaje?"

Hakuna mtu wa Muheza, wala wa duniani, aliyewahi kusoma sharti la katikati.

"Linasema hivi," ikasema kompyuta. "Anayedanganya kwamba amesoma, ataingizwa yeye badala ya faili."

Ikanikamata ukosi wa shati, ikanivuta ndani.

Ndani ni ukumbi mrefu wenye milango pande zote mbili. Unanuka vumbi lililoungua. Ile krrr inatokea mbali, mwisho wa ukumbi. Karibu yangu, kwenye kigoda, ameketi mtu aliyevaa uso wangu. Hata kovu la kwenye nyusi analo.

"Karibu," anasema kwa sauti yangu. "Mimi ndiye uliyenipakua. Niite Mwigo. Kazi yangu ni kujifanya mashine ya baba yako."

"Vua uso wangu kwanza."

"Nikivua nitavaa upi? Sina wangu." Akavaa wa mama, akaona unambana masikio, akarudisha wangu. "Na wewe ni nani?"

"Idrisa Mhando. Kwenye ushairi naitwa Nyuki Dume."

"Nyuki dume hana mwiba."

"Unasemaje?"

"Mwiba wanao majike. Dume kazi yake kula asali ya wenzake. Hukulijua hilo ulipojipa jina?"

Sikulijua. Ushairi nilijifundisha mwenyewe, na vitabu vilivyonipa vina na mizani havikutaja hata mara moja makalio ya nyuki. Lakini sikubali kuchekwa na mtu aliyeazima uso. Nilisimama wima, nikamtupia ubeti:

*Mimi nyuki wa mzinga, sichezewi mkononi,*
*Ulimi wangu upanga, hauingii alani,*
*Aniigaye mjinga, ajitafutia soni,*
*Sikufundishwa kutunga, nilianzia tumboni.*

Mwigo akaurudia wote, silabi kwa silabi. Aliughani kwa sauti yangu, ila bila ule mtetemo unaonipata mstari wa pili. Kutoka jikoni, mama ambaye hakuonekana akasema, "Ah! Huyo sasa ndiye Idrisa."

Damu ilinipanda hadi kwenye nywele.

"Usikasirike," Mwigo akasema. "Naiga kila kitu. Kimoja tu siwezi: pumzi ya kwanza, ile inayoiamsha mashine. Nyie mnaiita bayosi. Hiyo lazima itoke kwenye mashine ya baba yako yenyewe. Ya jirani haifai. Nenda kaichukue, na ufanye haraka, maana timu ya mzee imeshaanza kusomwa. Kila mlio mmoja, anapotea mchezaji mmoja."

Krrr.

"Huyo alikuwa nani?"

"Beki wa kulia. Salehe fundi baiskeli."

"Na baba yumo?"

"Ndiye nahodha. Nahodha hupotea mwisho."

"Akipotea?"

"Timu haifunguki tena," alisema Mwigo, kama anayenitajia bei ya chumvi. "Na aliyegeukia ukuta atabaki na ukuta."

Nafungua mlango wa kwanza kwa bega. Ni stoo yetu. Mashine ya baba imelala kwenye kitanda cha kamba, imefunikwa kanga hadi kwenye vitufe. Mama anaipepea kwa mfuniko wa sufuria.

"Shikamoo," naiambia, maana kwa umri wa mashine ni kikongwe.

"Marahaba. Umekuja kunizika?"

"Nimekuja kuomba pumzi."

"Ya kumpa nani?"

"Mtu anayekuiga."

Mashine ikakohoa, likatoka vumbi na mguu mmoja wa mende. "Anaiga vizuri?"

"Anaudhi."

"Basi anaiga vizuri. Lete chombo."

Mama akanipa kopo la majani ya chai. Mashine ikapumua ndani yake mara moja, pumzi ndefu yenye joto, nikafunika upesi.

"Usifungue njiani," mashine ikasema. "Watu wanasema niliuawa na vumbi. Waongo. Vumbi nimelila tangu banda linafunguliwa, na sikuumwa hata siku moja. Nilikufa kwa kukaa bila kushikwa. Kamwambie mwenzangu wa kitandani."

"Nitamwambia."

"Usimwambie. Mshikishe."

Krrr. Krrr. Sikuuliza ni nani hao wawili. Niligeuka kutoka, mlango haupo. Stoo imekuwa jiko, na mama, bila kuinuka alipokuwa, yuko mbele ya chuma cha chapati. Anageuza chapati zenye tundu katikati. Zinang'aa upande mmoja rangi za mafuta yaliyomwagika barabarani.

"Hii ya magari," anasema. "Hii ya mieleka. Hii ya mpira, lakini ina mkwaruzo. Nani aliiacha nje ya kasha?"

"Sijui, mama."

"Katika nyumba hii Sijui ana makosa mengi kuliko shetani. Lete dawa ya meno."

Akaipaka dawa ya meno kwa ncha ya kanga, akifuta kutoka katikati kwenda nje, taratibu, bila kuzungusha, kama baba alivyotufundisha sote. Nasimama na kopo langu la pumzi nikikanyaga mguu juu ya mguu. Mlio unazidi kusogea: krrr, krrr, krrr, krrr.

"Mama, fanya haraka. Wanapotea."

"Ukizungusha unaua diski. Haraka yako ndiyo iliyokufikisha humu." Akanipa chapati, harufu ya mnanaa ya dawa ya meno ikanipiga puani. "Na usiionje. Ukiionja, kila unapotembea kuna mtu atakutangaza."

Nikarudi ukumbini mbio. Mwigo akalipokea kopo, akalifungua, akaivuta pumzi yote kwa tundu moja la pua. Kifua chake kikawaka taa ndogo ya kijani. Akatabasamu kwa meno yangu.

"Nimeamka. Sasa gemu iweke kwenye folda yake."

"Ipi?"

"Utajua mwenyewe."

"Milango yote haina majina!"

"Inayo. Soma."

Nikasogea karibu, nikasoma. Mlango wa kwanza: Folda Mpya. Wa pili: Folda Mpya 2. Wa tatu: Folda Mpya 3. Iliendelea hivyo hadi macho yalipoishia.

"Mpumbavu gani aliyezipa majina haya?"

Mwigo alinionyesha tu uso alioazima.

Nilijaribu mlango wa karibu. Niliitupa chapati ndani, ikatoka gari la mashindano likiendeshwa na golikipa aliyevaa glavu. Alipiga honi, akanirudishia chapati dirishani na kuniambia, "Mtoto wa mzee, hapa siyo kwenu." Krrr. Nilijaribu mwingine, nikakuta watu wawili wenye vifua vipana wamekabana shingo, wakanisihi nihesabu mpaka tatu. Niliufunga. Krrr.

"Wamebaki wangapi?"

"Kipa, nahodha, na benchi."

Hapo niliacha kusoma majina. Nilitega sikio mlango kwa mlango, kama nilivyokuwa nikitega nje ya banda nikitoka shule, kujua nani anacheza kabla ya kuingia. Mlango mmoja ulikuwa na kelele niliyoijua: watu wanacheka, mmoja anaapa kwa jina la mama yake kwamba haikuwa ofsaidi. Nikausukuma.

Ni uwanja wa mpira wenye sakafu ya saruji ya banda letu, pamoja na ule ufa unaofanana na mto. Golini amesimama Bi Mwanaheri muuza vitumbua, sinia mkononi. Baba alimpanga kipa kwa sababu, alisema, hakuna kitu kilichowahi kumpita yule mama. Uwanja mzima ni yeye peke yake. Na kwenye benchi, mikono kifuani, amenuna mtu mwenye jezi yenye jina langu.

"Yule ni mimi?"

"Ndiye," anasema Mwigo.

"Benchi?"

"Benchi."

"Nani alinipanga benchi?"

"Mwenye timu. Na hujawahi kuingia hata dakika za majeruhi."

Nimeshawahi kutukanwa kwa beti kumi na nane na mshairi wa Lushoto, na nikalala vizuri. Hili liliniingia penye mfupa. Nikamwendea yule wa benchi. "Ulimfanya nini baba?"

"Usinikodolee macho," akasema. "Hata mimi nasubiri kuambiwa."

Ukuta wa uwanja ukafunguka pande mbili. Upande mmoja amesimama baba. Amesimama kwa miguu yote miwili, filimbi mdomoni, mkono wa kulia juu, anamfokea mtu kwa ile sauti iliyokuwa ikisikika hadi stendi: "Toka! Umefungwa, toka, mpishe mwenzio!" Upande wa pili kuna kitanda, na mgongo wa baba, na ukuta.

Maneno yananing'inia hewani, meupe: PAKIA? Chini yake NDIYO, na HAPANA.

"Nahodha alihifadhiwa sehemu mbili," Mwigo anasema. "Chagua."

"Nikichagua huyu aliyesimama, kesho anaamka hivyo?"

"Hivyo hivyo. Mkono, mguu, sauti. Hata ile hasira."

"Na wewe unataka malipo gani?"

"Mimi? Sitaki kitu. Ila kila kilichotokea baada ya pale hakitakuwa kimetokea."

Kidole changu kiliruka chenyewe. Kilikuwa juu ya NDIYO kabla hajamaliza kusema. Mimi si mtu wa kusitasita. Hata ushairi wangu hauna kibwagizo kwa sababu sipendi kurudi nilikotoka.

Krrr. Bi Mwanaheri akatazama sinia, akalikuta tupu, akatazama mikono, nayo haipo. Goli likabaki wazi, upepo unapita.

"Anayefuata ni nahodha," anasema Mwigo.

"Nini kilitokea baada?" nikafoka. "Baada ya kiharusi kulitokea nini cha maana? Sema!"

Mwigo akavaa uso wa mama. Safari hii ulimkaa.

"Kikombe," akasema kwa sauti ya mama. "Asubuhi ile alipokishika mwenyewe kwa kushoto, akajimwagia kifuani, akanitazama kwa kiburi kama aliyechukua kombe. Na kuku. Yule kuku aliyeingia chumbani akataga miguuni pake, akacheka mpaka tukadhani anapata kiharusi cha pili. Na neno la kwanza alilolitamka. Hakuita daktari, hakuomba maji. Alisema Chiku."

Chiku ni jina la utotoni la mama. Sisi watoto tulilisikia siku hiyo kwa mara ya kwanza. Mama alicheka hadi akakaa chini, na akabaki chini muda mrefu.

Kidole changu bado kiko juu ya NDIYO. Nikamwita yule aliyesimama.

"Baba! Nikurudishe?"

Akageuka. Alitoa filimbi mdomoni, akaifuta kwenye shati.

"Ngapi ngapi?"

"Tunafungwa, baba."

"Dakika ya ngapi?"

"Sijui."

"Filimbi ya mwisho imelia?"

"Haijalia."

Akanyoosha ule mkono wa kulia, mzima, mnene, akaonyesha ukuta wenye chaki. Sikuhitaji kusoma. "Basi mwanangu," akasema, "waya unaushikia nini?"

Nikatazama kidole changu. Hakikuwa juu ya NDIYO. Mkono wangu wote ulikuwa umekamata plagi ukutani, umeshaivuta nusu.

Niliiachia kama iliyoniunguza.

"Ndiyo hivyo," akasema baba. "Nenda kacheze. Na ufunge mlango, mbu wanaingia."

Akarudisha filimbi mdomoni. Nikaufunga mlango kwa mikono miwili, maana mmoja haukutosha. Sauti yake ikaendelea kidogo upande wa pili wa mbao, ikimtoa mtu kwenye kiti, kisha sikuisikia tena.

Mlio nao umekatika. Nimesimama karibu na kitanda, mgongo wa baba uko mbele yangu. Mwigo amevua nyuso zote. Pale pa uso pana rangi ya kijivu tu, kama runinga isiyo na waya wa antena. Ana pedi ya kuchezea gemu mkononi.

"Tupange vitufe," anasema. "Shuti liwe wapi?"

Shuti liko chini ya dole gumba la kulia tangu pedi ya kwanza ilipotengenezwa. Mtoto wa bandani hulijua hilo kabla ya kujua kusoma.

"Linahamishika?"

"Kwenye mashine yenyewe halihamishiki. Kwangu linahamishika. Mashine halisi ina heshima yake ya kulinda. Mimi ni wa kuiga, nina heshima gani?"

Nilimtazama. Nilikuwa nimemtukana mtu huyu kwa ubeti mzima.

"Shuti liweke kushoto," nikasema. "Nyuma, chini ya kidole."

"Pasi?"

"Kushoto."

"Kukimbia?"

"Kushoto."

"Krosi?"

"Kushoto!"

"Kushoto kutajaa."

"Kujae!"

Akapanga. Kila kitufe kilipohamia kiliguna kama abiria anayeambiwa asogee. Kisha akaiweka pedi kitandani, na ule mgongo ukageuka. Baba hakuniangalia. Aliichukua pedi kwa kushoto, akaiegemeza kwenye paja, mimi nikajikuta na ya pili, na mechi ikaanza kati yetu bila mtu kutia sarafu wala kupiga filimbi.

Mshambuliaji wake anakuja polepole, anakwenda upande asioutaka, anajikwaa, anarudi. Beki wangu yuko mbele yake. Naweza kuuchukua mpira ule kwa urahisi wa kuchukua kijiko mezani. Naona jasho kwenye kipaji cha baba. Beki wangu anasogea kando kidogo, kidogo tu.

Prrrii!

Mwigo yuko katikati ya uwanja, amevaa nguo nyeusi na, kwa mara ya kwanza, uso wa baba. Ameinua kadi ya njano.

"Kosa gani?" napiga kelele.

"Huruma."

"Huruma ipi? Beki alikuwa anafunga kamba za viatu!"

"Hana viatu. Mmemchora peku."

Akanijia, akanisukumia kadi kwenye mfuko wa shati, akaupigapiga mfuko kama anayefunga bahasha. "Ya pili ni nyekundu. Na nyekundu ya nyumbani, mlango wake unaujua."

Nyuma yake, baba, bila kutoa macho kwenye mpira, akasema neno moja: "Ingia."

Yule mimi wa benchi akasimama. Mlio ukaanza upya, krrr, krrr, safari hii kichwani mwangu, mkubwa, karibu zaidi kuliko sikio.

Nikaamka.

Nje mama alikuwa anakwangua ukoko wa sufuria kwa kijiko. Krrr, kimya, krrr. Jua lilishaingia hadi miguu ya meza. Nilikuwa nimelalia mikono mbele ya kompyuta, na kwenye kioo emuleta imefunguka. Gemu ya mpira iko mahali pake na timu ya baba imo, wote, kuanzia Salehe fundi baiskeli hadi Bi Mwanaheri. Hilo halikunishangaza sana. Nilijiambia kwamba labda nilibonyeza kitu nikiwa nusu usingizini.

Nikajinyoosha. Kitu kigumu kikanichoma kifuani.

Niliingiza vidole mfukoni, nikatoa kipande cha plastiki ya njano. Kimekatwa kwa kisu, pembe moja imekwenda upogo, na upande wa nyuma zimebaki herufi mbili za jina la mafuta. Kadi hii mama aliichoma pamoja na takataka za banda siku tulipolifunga. Nilisimama pale pale, nikaiona ikijikunja motoni.

Sikumwita mtu. Nilifungua mipangilio ya pedi na kuhamisha vitufe kimoja kimoja: shuti, pasi, kukimbia, krosi. Vyote kushoto. Kisha nikaibeba kompyuta hadi chumbani.

"Shikamoo, baba."

Ukuta.

Niliiweka ile kadi kwenye mto, katikati ya uso wake na ukuta, pahali ambapo asingeweza kutoiona. Nikasubiri. Nilisikia kijiko cha mama kimenyamaza nje.

Mkono wa kushoto ukatoka chini ya shuka. Ukaishika kadi, ukaigeuza, ukapapasa ile pembe ya upogo. Kisha baba akageuka, kidogo kidogo, kitanda kikilia, mpaka macho yake yakawa kwenye yangu. Aliinua kadi hadi usawa wa pua yangu na nyusi moja ikauliza.

"Nilikuhurumia, baba," nikasema. "Ndotoni. Beki wangu alikupisha."

Nusu ya mdomo wake ikasogea. "Mji-nga," akasema. Lilitoka safi kuliko neno lolote tangu Chiku.

Akanyoosha mkono. Nikampa pedi. Aliipapasa, akavikuta vitufe vilikohamia, akavibonyeza kimoja kimoja bila kuuliza. Kabla ya mechi alikwenda kwenye orodha ya wachezaji, akashuka taratibu hadi benchi, akakamata jina langu, akalipandisha. Akanipanga mshambuliaji wa kati. Katika timu yake. Nicheze dhidi yangu mwenyewe.

"I-ngia," akasema.

Mama alikuwa mlangoni na sufuria yake, na kijiko kimesimama hewani. Niliburuta kigoda, nikakaa ubavuni pa kitanda, nikachukua pedi ya pili. Nilisema kwa sauti kubwa kuliko ilivyohitajika, wasikie wote wawili:

"Mama, uwe shahidi. Baba, nakuahidi: leo nakufunga. Sikuachii bao, sikuachii kona, sikuachii hata mpira wa kurusha. Kesho nakufunga tena, na keshokutwa, mpaka siku utakayonitoa kwenye kigoda hiki mwenyewe. Na siku hiyo nitatoka, nitakupisha, nitanuna. Lakini mashine hii, baba, sizimi."